Kwikwi Hazina Neno, Ukimya Una Neno

Mimba ikishafika mwezi wa saba, kuna hofu moja inayozunguka sana kwenye mabenchi ya kliniki na kwenye makundi ya WhatsApp ya kina mama. Tumbo linadunda. Si teke, wala si ule mjinyoosho wa mtoto unaolivuta tumbo upande mmoja. Ni mdundo mdogo wa mahali pamoja, unaojirudia kila baada ya sekunde chache, kama mtu anayebisha hodi bila haraka. Unaendelea dakika tatu, tano, wakati mwingine kumi na zaidi, kisha unakoma, na kesho unarudi. Jirani wa kwanza atasema hizo ni kwikwi, mama amekunywa maji ya baridi. Wa pili atasema kitovu kimemzonga mtoto shingoni. Wa tatu, ambaye mara nyingi ndiye mwenye sauti kubwa, atakumbuka dada mmoja aliyepatwa na hivyohivyo na mtoto hakuishi.

Kuna jambo jingine ambalo halipigiwi kelele kiasi hicho. Mtoto aliyezoea kucheza kila jioni anapunguza, au anapitisha siku nzima kimya. Hapo majirani walewale wana maneno ya kutuliza: kumebana, amekua, anajiandaa kutoka, ni mpole tu, amemfuata baba yake.

Hofu yetu imekaa pasipo pake. Kwikwi zinazowakosesha watu usingizi ni jambo la kawaida la ukuaji, na kupungua kwa kucheza, ambako tunakuzima kwa maneno matamu, ndiko kunakostahili mtu avae kanga yake aende hospitali siku hiyohiyo.

Tuanze na kwikwi. Kati ya kifua na tumbo kuna msuli mpana uitwao kiwambo, ambao ndio unaotuvutia hewa. Kwikwi ni msuli huo kujikaza ghafla bila kuagizwa. Kwetu sisi hewa huingia kwa kasi, koo likajifunga, ndipo ule mlio ukatoka. Tumboni hakuna hewa, kwa hiyo hakuna mlio. Kifua kinaruka, mwili mzima unatikisika, na mama anahisi mtikisiko huo kwenye ukuta wa tumbo. Mambo haya huanza mapema kuliko watu wanavyodhani. Mwaka 1982 watafiti wa Groningen nchini Uholanzi, akiwemo Heinz Prechtl, walichapisha matokeo ya kuwatazama watoto walio tumboni kwa ultrasaundi tangu miezi ya mwanzo. Waliona mwili ukianza kujigeuza kuanzia wiki ya 7 au ya 8, kwikwi zikafuata muda mfupi baadaye, kisha kifua kikaanza kupanda na kushuka kwa mwendo wa kupumua karibu na wiki ya 10, halafu miayo na kumeza. Wiki hizo huhesabiwa tangu siku ya kwanza ya hedhi ya mwisho. Maana yake ni kwamba kiumbe ambacho hakijafika sentimita nne, ambacho mama yake pengine ndiyo kwanza anaanza kujishuku, tayari kina kwikwi.

Tena kwikwi huwa nyingi zaidi katika miezi ambayo mama hahisi chochote. Vipimo vya ultrasaundi vinaonyesha kwamba hupungua kadiri mimba inavyokua. Mwishoni mama anazisikia zaidi kwa sababu mtoto ana uzito na kifua chake kipo karibu na ukuta wa tumbo. Kwa hiyo anayeshtuka kwamba kwikwi “zimeanza” mwezi wa saba amechelewa kwa miezi mitano hivi, na kwa miezi yote hiyo hakuna baya lililotokea.

Zina kazi gani? Hapa wanasayansi wenyewe wanatofautiana. Mwaka 2003 Christian Straus na wenzake walitoa dhana kwamba kwikwi ni masalia ya zamani sana, kutoka kwa viumbe waliopumua kwa mashavu majini, jinsi viluwiluwi wa chura wanavyofanya hadi leo. Ni dhana ya kuvutia, ila ni ngumu kuipima. Kazi iliyo karibu zaidi na wodi ya wazazi ilitoka chuo cha University College London, UCL, mwaka 2019. Kimberley Whitehead na wenzake waliwawekea watoto wachanga 13, baadhi yao njiti, vifaa vya kusoma umeme wa ubongo na vya kunasa mwendo wa kiwambo. Kila kwikwi moja ilifuatwa na mawimbi matatu kwenye ubongo. Fikra yao ni kwamba ubongo hutumia mshtuko ule kuutambua msuli wa kupumua uko wapi na unafanyaje kazi, ili baadaye uweze kuuongoza kwa hiari. Watoto 13 ni wachache mno kufunga mjadala, lakini maelezo hayo yanaoana na jambo tunalolijua vizuri zaidi: karibu kila kitu mtoto anachofanya tumboni ni mazoezi. Kifua kinachopanda na kushuka hakimpi hata chembe ya hewa, lakini kinayasaidia mapafu yakue. Miguu inayosukuma inaviunda viungo na mifupa. Mtoto asiyejigeuza kabisa tumboni anaweza kuzaliwa na viungo vilivyokaza.

Sasa kitovu shingoni. Hofu hii ina mizizi mirefu, na inatokana na kumfikiria mtoto wa tumboni kwa mfano wetu sisi wa nje. Mtu mzima akikazwa shingo anakosa hewa. Mtoto wa tumboni hapumui kwa koo; oksijeni yake inakuja kwa damu kupitia kitovu kutoka kwenye kondo. Kamba kupita shingoni peke yake haimnyongi. Hatari inakuja pale mishipa ya ndani ya kitovu inapobanwa damu isipite, na hilo linaweza kutokea kitovu kikiwa popote, hata kikiwa mbali na shingo. Mishipa hiyo imezungushiwa ute mzito unaoilinda isibanwe kirahisi. Mkunga aliyezalisha miaka mingi atakwambia kwamba kukuta kitovu kimepita shingoni ni jambo la kila juma: hutokea katika uzazi mmoja kati ya minne au mitano hivi, anakivusha juu ya kichwa kwa vidole viwili na kazi inaendelea. Na kwikwi? Uchunguzi uliofanywa katikati na kaskazini mwa England, uliochapishwa mwaka 2018, uliwalinganisha kina mama ambao watoto wao walifia tumboni mwishoni mwa mimba na wengine ambao mimba zao zilikuwa zinaendelea salama. Kusikia kwikwi kila siku kulikuwa kwingi zaidi upande wa mimba salama.

Ningependa maneno hayo yabandikwe kwenye kila benchi la kliniki. Ila yana nyongeza yake. Kwikwi si ithibati kwamba kila kitu ni salama, wala hazihesabiwi pale mtu anapofuatilia mtoto anavyocheza, kwa sababu hazitoki kwenye nguvu na hiari ya mtoto. Mama anayesema “leo hajapiga teke lakini kwikwi nimezisikia” hajajibu swali. Na kwikwi zikibadilika ghafla, zikawa kali na za muda mrefu kuliko alivyozoea, huku kucheza kumepungua, mahali pake ni hospitali.

Kuzitofautisha ni rahisi kwa mtu aliyetulia. Alale kwa ubavu, aweke kiganja pale panapodunda. Kwikwi hubaki mahali pamoja na mwendo wake ni wa kupimika. Mtoto akishageuza kichwa chini, mara nyingi husikika chini ya kitovu cha mama. Teke huja bila mpangilio, mara huku mara kule. Na kuna mdundo wa tatu ambao huwachanganya wengi: mshipa mkubwa wa damu wa mama mwenyewe, unaopita mbele ya uti wa mgongo. Ashike kifundo cha mkono wake kwa vidole vya mkono wa pili. Tumbo likidunda sawasawa na mkono, huyo si mtoto, ni yeye.

Kucheza kwenyewe kunafuata njia inayojulikana. Mwenye mimba ya kwanza huanza kuhisi kati ya wiki ya 18 na ya 20, aliyewahi kuzaa hata wiki ya 16, kwa kuwa ameshajua anatafuta nini. Mwanzoni ni mpapatiko tu, unaoweza kudhaniwa gesi. Kondo likiwa limekaa mbele, kati ya mtoto na ngozi ya tumbo, mpapatiko huo huchelewa kusikika na huwa dhaifu kwa muda. Wiki ya 24 ikifika bila dalili yoyote ya kucheza, aende akapimwe. Kuanzia hapo kucheza huongezeka hadi karibu wiki ya 32, kisha kukabaki palepale hadi mwisho.

Kukabaki palepale: narudia kwa sababu hapa ndipo maneno ya mtaani yanapofanya uharibifu. Namna ya kucheza hubadilika. Mtoto mkubwa hana nafasi ya kupinduka, kwa hiyo mateke ya kurushwa hupungua na nafasi yake inachukuliwa na kusukuma, kujiviringisha, kiwiko kinachopita chini ya ngozi unakiona kwa macho. Lakini mara anazocheza kwa siku hazipaswi kushuka kwa sababu eti mwezi wa tisa umeingia. Hata uchungu ukishaanza mtoto huendelea kucheza. Hulala, ndiyo, usingizi wake huchukua dakika 20 hadi 40 na ni nadra kupita dakika 90. Huchangamka zaidi jioni na usiku mama akilala, jambo ambalo wajawazito wa New Zealand waliohojiwa katika utafiti wa mwaka 2019 walilieleza kwa namna ileile ambayo mama wa Mbagala au Kisauni angelieleza: mchana uko kwenye shughuli humsikii, ukitua kitandani ndipo anaamka.

Kwa nini kupungua kuwe dalili? Mtoto anayepata oksijeni na chakula pungufu hana pa kulalamikia. Mwili wake unabana matumizi: damu inaelekezwa kwanza kwenye ubongo na moyo, na kucheza, ambako kunakula nguvu, kunasimamishwa. Kwa hiyo kunyamaza huja kabla ya moyo kusimama, wakati mwingine siku kadhaa kabla, wakati mwingine saa chache. Mwaka 1973 daktari Eliahu Sadovsky wa Jerusalem aliandika juu ya wajawazito aliowataka waandike kila siku mtoto anavyocheza, akaonyesha kwamba kati ya ukimya na msiba kuna kipindi ambacho bado kitu kinaweza kufanywa. Dirisha hilo ndilo linalofanya jambo hili liwe na maana. Kinachochosha kondo hadi mtoto akafikia hapo, katika nchi zetu, kinajulikana kwa majina: presha ya mimba, malaria inayojificha kwenye kondo huku mama akijiona mzima, upungufu wa damu, kaswende, kisukari, mimba iliyopitiliza siku zake.

Sasa sikiliza mazungumzo haya, ambayo kwa sura moja au nyingine hufanyika katika nyumba nyingi.

“Mama, tangu jana mtoto hachezi alivyozoea.”

“Mwanangu, wa mwezi wa tisa ndivyo walivyo. Kumebana. Kunywa soda ya baridi, utamsikia.”

Mama mkwe huyu si mjinga wala hana roho mbaya. Amezaa watoto saba, ameuguza wakwe na mawifi, na anachosema amekiona kikitimia. Tatizo ni kwamba maneno yake hutimia hata yasipokuwa kweli. Mwongozo wa chama cha madaktari wa uzazi cha Uingereza wa mwaka 2011 unakadiria kuwa asilimia 70 ya wajawazito wanaohisi mtoto amepunguza kucheza mara moja humaliza mimba bila tatizo lolote. Kwa hiyo anayewaambia wajawazito kumi “tulia, kumebana” atapatia kwa saba hivi, na kila atakayepatia atamwongezea sifa ya ujuzi. Aliyepoteza mtoto hatarudi kumlaumu. Atalia, na watu watasema ni kazi ya Mungu. Uzoefu wa namna hii haumfundishi mtu kosa lake, na ndiyo maana wakati mwingine watu wenye uzoefu mkubwa kabisa ndio wanaochelewesha safari.

Kuhusu soda, au juisi, au kipande cha chokoleti: hakuna ushahidi wa kutegemewa kwamba sukari humwamsha mtoto. Kinachosaidia ni ule utulivu wa kukaa chini kuinywa. Ubaya wake ni kwamba mtu hunywa, akasikia kitu kidogo ambacho pengine ni tumbo lake mwenyewe, akaahirisha hadi kesho.

Hapo ndipo kuhesabu kunapoingia, na habari yake ina mchanganyiko kuliko wauguzi wengi wanavyotuambia. Agizo la “mtoto acheze mara kumi kwa saa kumi na mbili” lilienea kutokana na chati ya Cardiff, Wales, iliyochapishwa mwaka 1976 na Pearson na Weaver. Mama alianza kuhesabu saa tatu asubuhi. Akifika kumi anaweka alama na kuacha. Saa tatu usiku ikifika kumi haijatimia, anapiga ripoti. Ilikuwa njia ya bei rahisi na ikasambaa dunia nzima. Kisha ikapimwa. Mwaka 1989 Adrian Grant na wenzake walitoa matokeo ya jaribio la wajawazito zaidi ya 68,000. Waliopewa chati ya kuhesabu kila siku na wasiopewa walipoteza watoto kwa kiwango kilekile. Mwaka 2018 likaja jaribio la AFFIRM la Uingereza na Ireland, lililohusisha mimba zaidi ya 400,000, ambamo hospitali zilifundisha wajawazito kuwa macho na zikawa na utaratibu mmoja wa kuwapima wanaokuja. Vifo vya tumboni vilikuwa 4.40 kwa kila uzazi 1,000 kabla na 4.06 baada, tofauti ambayo kitakwimu inaweza kuwa ya bahati tu, huku uanzishaji wa uchungu na upasuaji ukiongezeka. Shirika la Afya Duniani, katika mapendekezo yake ya mwaka 2016 kuhusu huduma za wajawazito, lilikataa kuifanya chati ya kuhesabu kila siku kuwa desturi nje ya utafiti, lakini likasisitiza kwamba mjamzito wa miezi ya mwisho aufahamu uchezaji wa mtoto wake na aripoti ukipungua.

Wapo waliosoma matokeo hayo wakahitimisha kwamba suala zima halina maana. Sikubaliani nao. Majaribio hayo yalilinganisha kuhesabu kwa utaratibu na kutohesabu, katika nchi ambazo hata yule asiyepewa chati ana simu ya wodi ya wazazi na mtu wa kuipokea usiku wa manane. Hayakulinganisha mama anayeenda hospitali na mama anayebaki nyumbani siku tatu. Hayo mawili hakuna kamati ya maadili itakayoruhusu yalinganishwe kwa kuwagawa wajawazito kwa kura. Kinachoonekana ni udhaifu wa namba yenyewe. Mtoto anayezoea kucheza mara nyingi kwa siku akishuka hadi kumi na mbili, chati inamwambia mama yake kuwa yuko sawa, ilhali mama mwenyewe anajua si sawa. Na mwenye mtoto mtulivu tangu mwanzo atahangaishwa na kumi yake kila jioni bila sababu. Kipimo cha kweli ni mtoto huyu kulinganishwa na yeye mwenyewe wa juzi na wa wiki iliyopita, na mtu pekee mwenye kumbukumbu hiyo ni mama.

Namba inabaki na kazi moja ndogo. Mama mwenye shaka, aliyekuwa sokoni au shambani kutwa na hana hakika kama mtoto amenyamaza au ni yeye hakuwa na nafasi ya kumsikiliza, alale ubavu wa kushoto mahali palipotulia, simu aiweke mbali, amsikilize kwa saa mbili. Zikipita bila kusikia mara kumi, anaondoka. Lakini mwenye hakika kwamba mtoto amebadilika hana haja ya hizo saa mbili, na wala asisubiri siku ya kliniki iliyoandikwa kwenye kadi.

Mwezi wa Ramadhani huleta swali lake kwenye pwani yetu na kwa ndugu zetu walioko Oman na Ghuba. Mfungaji akihisi mtoto ametulia mchana, ni rahisi kusema “ni saumu, atacheza baada ya futari”. Inawezekana. Lakini sheria ya dini imempa mjamzito anayehofia nafsi yake au mtoto ruhusa ya kufungua na kulipa baadaye, na ruhusa ya namna hiyo haikuwekwa ili ipuuzwe. Afungue, na mtoto asiporudi kwenye hali yake, aende. Kusubiri adhana ya magharibi ni kusubiri saa ambazo pengine mtoto hana.

Kuna mambo mawili ya kuepuka. La kwanza ni kulala chali miezi mitatu ya mwisho. Uchambuzi wa mwaka 2019 uliounganisha data za tafiti za nchi kadhaa ulikuta kwamba walioanza usingizi wakiwa chali, kuanzia wiki ya 28, walikuwa na hatari ya mtoto kufia tumboni mara 2.6 hivi ya wale waliolala ubavu wa kushoto. Ubavu wa kulia ulikuwa salama vilevile. Ukiamka ukajikuta chali usijilaumu, geuka tu ulale. La pili ni vile vifaa vidogo vya kusikiliza moyo vinavyouzwa mitandaoni, na programu za simu zinazodai kufanya hivyo. Ili kuelewa ubaya wake, mtazame mkunga mwenye fetoskopu ya kawaida, ile tarumbeta fupi ambayo Mfaransa Adolphe Pinard aliitengeneza mwishoni mwa karne ya 19 na ambayo bado inaning’inia kwenye zahanati zetu. Kwanza anapapasa tumbo kutafuta mgongo wa mtoto ulipo. Anaweka mdomo mpana wa fetoskopu hapo, anainama, anabana sikio, kisha anaiachia mikono. Mkono mmoja unakwenda kwenye kifundo cha mama. Analinganisha mapigo: anachokisikia kikienda pamoja na mkono, si moyo wa mtoto. Moyo wa mtoto unakwenda mara 110 hadi 160 kwa dakika, na anauhesabu kwa saa ya ukutani. Mtu aliye peke yake chumbani na kifaa cha elfu kadhaa hafanyi kazi hiyo yote; anasikia mvumo wa damu kwenye kondo, au moyo wake mwenyewe unaokwenda mbio kwa wasiwasi, na anarudi kulala akiwa ameridhika.

Tena hata moyo wa kweli ukisikika, kazi haijaisha. Moyo ni wa mwisho kulegea. Mjamzito aliyekuja kwa ajili ya mtoto kupunguza kucheza anastahili presha ipimwe, mkojo uangaliwe kama una protini, kimo cha mimba kilinganishwe na wiki zake, damu ipimwe wingi wake, na pale penye ultrasaundi maji ya uzazi na ukuaji wa mtoto vitazamwe. Kumwambia “moyo upo, nenda” ni nusu ya huduma.

Hapo tumefika kwenye nusu ya pili ya suala, ambayo haimhusu mama. Shirika la Afya Duniani na washirika wake wanakadiria kuwa watoto milioni 1.9 hivi huzaliwa wafu kila mwaka kuanzia wiki ya 28, karibu nusu yao katika Afrika kusini mwa Sahara, na zaidi ya asilimia 40 hufa uchungu ukiwa umeshaanza. Maana yake watoto wengi hufa wakati mama ameshafika, au angepaswa awe ameshafika, mbele ya mhudumu. Katika Hospitali ya Mnazi Mmoja, Zanzibar, mradi wa PartoMa ulianza mwaka 2014 kwa jambo lisilo na makuu: mwongozo mfupi wa kusimamia uchungu uliotungwa pamoja na wahudumu wenyewe, wa kubebeka mfukoni, na semina za mara kwa mara. Waliozaliwa wafu walishuka kutoka 59 hadi 39 kwa kila uzazi 1,000. Hakuna mashine mpya iliyonunuliwa kufanya hivyo. Idadi iliyobaki bado ni kubwa mno, lakini inaonyesha kwamba usikivu wa wodi unaokoa, sawa na usikivu wa mama.

Na usikivu wa wodi huanza na mapokezi. Mjamzito wa kijijini anayehisi mtoto amenyamaza saa nne usiku ana hesabu ndefu kabla ya kutoka: nauli ya bodaboda, ruhusa ya mume aliyeko safarini na simu haipatikani, nani abaki na watoto. Akizimaliza zote akafika, akaambiwa “si ulikuwa hapa juzi? Mbona unasumbua?”, amefundishwa somo ambalo atalikumbuka safari ijayo. Nimewasikia wanawake wakilisimulia neno hilo moja miaka mingi baada ya kuambiwa. Wapo wauguzi wengi wasiosema hivyo, wanaosema “umefanya vizuri kuja, na kesho akipunguza tena rudi”, na maneno hayo hayagharimu hata shilingi.

Mume naye ana kazi hapa, na si ile ya kuweka sikio tumboni mbele ya kamera ya simu. Nauli ya dharura iwekwe pembeni tangu mwezi wa sita, mwenye bodaboda ajulikane kwa jina, na ruhusa itolewe mapema, mara moja, kwa dharura zote, ili mke asitafute mtu wa kumuuliza.

Kadi ya kliniki ya Tanzania ina mstari wa kujaza kama mtoto anacheza. Katika foleni ya wajawazito arobaini, mstari huo hujazwa kwa sekunde: “Mtoto anacheza?” “Anacheza.” Vema. Swali lenye faida lingekuwa refu kidogo: anacheza saa ngapi zaidi, na tangu tulipoonana mara ya mwisho kuna kilichobadilika? Jibu lake huenda likachukua dakika mbili. Muuguzi mwenye foleni hana dakika mbili kwa kila mtu, hilo linaeleweka, lakini wakiwa bado kwenye benchi anaweza kuwaambia wote arobaini kwa pamoja kwamba swali hilo linakuja, na kila mmoja akaanza kumsikiliza wa kwake.